Nakala ya Pochi ya Bitcoin na Chenji Iliyopotea

Aghalabu mwenye bitcoin hudhani kwamba sarafu zake zimo ndani ya faili ya pochi, ilhali hesabu zote zimeandikwa katika daftari la umma linalohifadhiwa na maelfu ya kompyuta duniani, na kilichomo katika faili ile ni funguo za siri, kila mmoja namba ya biti 256, ambazo bila hizo hapana awezaye kuidhinisha malipo. James Howells wa Newport, nchini Wales, ambaye diski yake yenye funguo za bitcoin zipatazo 8,000 ilitupwa jalalani mwaka 2013, aliomba kwa miaka mingi ruhusa ya kufukua taka, wala hakupewa.

Kwa hiyo watu huusiwa kuchukua nakala, na wasia huo ni sahihi. Lakini liko jambo ambalo halielezwi vya kutosha, nalo ni kwamba nakala huchakaa. Katika Bitcoin Core, programu ya asili, faili iitwayo wallet.dat ilikuwa ikiweka akiba ya funguo 100 ambazo hazijatumika bado. Tuseme mtu ana bitcoin 1 katika anwani moja, naye anamlipa mwuzaji robo yake: sarafu ile haimegwi pale ilipo, bali hutumika yote, robo ikaenda kwa mwuzaji, na robo tatu, yaani chenji, ikarejea kwa mwenyewe katika anwani mpya ambayo ufunguo wake umetwaliwa katika ile akiba. Akiendelea kulipa na kupokea hata zile 100 zikaisha, chenji zifuatazo huangukia funguo zilizozaliwa baada ya nakala kuchukuliwa. Na siku diski yake itakapoharibika, ataifungua nakala aliyoitunza kama amana, akute anwani zake za kale ni tupu. Msiba huu naona ni mchungu kupita wizi, kwa kuwa humfika mtu aliyejitahidi.

Toleo la 0.13 la mwaka 2016 lilileta funguo zinazotokana na mbegu moja, hata nakala moja ya pochi mpya ikatosha kuzirudisha. Pochi nyingine nyingi huiandika mbegu hiyo kwa maneno 12 au 24, ambayo yafaa yaandikwe kwa kalamu karatasini, yasipigwe picha kwa simu, maana picha nyingi hupanda zenyewe kwenye hifadhi za intaneti.

Nywila inayofunga pochi nayo humzuia mwizi, na pengine humzuia mwenyewe: Stefan Thomas, mtaalamu wa programu, alikuwa na funguo za bitcoin 7,002 katika kifaa kinachoruhusu kubahatisha nywila mara 10 tu, na kufikia mwaka 2021 alikwisha kutumia 8. Basi nywila na iandikwe, iwekwe mbali na faili, mahali ambapo warithi watapajua.

Nakala ichukuliwe kwa amri ya programu yenyewe, si kwa kunakili faili wakati pochi i wazi, kisha ijaribiwe katika kompyuta nyingine isiyounganishwa na intaneti, nywila ikisomwa kutoka karatasini. Na iwapo anwani iliyotumika juma lililopita haionekani humo, sharti nakala nyingine ichukuliwe siku hiyo hiyo, kabla ya malipo mengine.