Unity, Unreal au Godot? Anza na leseni

Wadogo zangu wa mwaka wa kwanza huniuliza injini ipi ya kutengenezea gemu ni nzuri. Mimi nawarudishia swali: gemu lako likianza kuingiza pesa, nani mwingine anakula?

Kwanza tuelewe injini inafanya nini. Chukua gemu la mpira kwenye simu. Ili picha isikatekate, tuseme simu inachora fremu 60 kwa sekunde. Maana yake kila fremu ina milisekunde 16 hivi, na ndani ya muda huo simu isome kidole kimegusa wapi, isogeze mpira, ikague kama umegonga mwamba, itoe sauti, ichore kila kitu upya. Halafu irudie. Ukitaka kuandika yote hayo mwenyewe kutoka sifuri, unaweza kumaliza chuo mpira haujadunda. Injini inakupa mzunguko huo ukiwa tayari.

Zote tatu zinaufanya. Unreal, ya Epic Games, inasifika kwa picha zinazokaribia uhalisia, ila inakula makumi ya GB, kwa hiyo fikiria bando na laptopu yako. Unity inatumia lugha ya C# na ina historia ndefu kwenye magemu ya simu. Godot, iliyoanzia Argentina, haifiki hata MB 200 kuipakua, na GDScript yake inafanana na Python.

Sasa leseni. Unreal kwa kawaida hudai mrabaha wa 5% gemu likishapita mapato ya dola milioni 1. Godot ni programu huria, haidai kitu. Unity ndiyo iliyoshtua watu: tarehe 12 Septemba 2023 ilitangaza kwamba gemu likivuka kiwango fulani, mtengenezaji atalipia kila linaposakinishwa, hata magemu yaliyokuwa tayari sokoni. Kelele zilikuwa kubwa. Masharti yalilegezwa siku kumi baadaye, bosi wa kampuni akaondoka Oktoba, na Septemba 2024 tozo ikafutwa kabisa.

Kwa nini watu hawakuhama tu? Picha na sauti zinahamishika. Msimbo ndio tabu, kwa sababu kila sehemu inayoiita injini lazima iandikwe upya. Mega Crit walihama hata hivyo: Slay the Spire ya pili wakaipeleka Godot wakati kazi ilishakwenda mbali.

Kwa anayejifunza, mimi ningeanza na Godot. Ila kama ndoto yako ni PlayStation au Switch, jua kwamba Godot yenyewe haiji na uwezo huo. Msimbo wa konsoli ni siri za kampuni, hauwezi kuwekwa kwenye programu ambayo kila mtu anaisoma. Itabidi upitie kampuni nyingine, na hiyo nayo ina mkataba wake wa kusoma.