Amana ya Wakala: Wajibu wa Kisheria Anaodaiwa na Tajiri Wake

Apitaye Barabara ya Enterprise au ya Lunga Lunga, katika Eneo la Viwanda jijini Nairobi, huona kuta ndefu, malori na maghala. Asichokiona ni kwamba sehemu kubwa ya shughuli za hapo huendeshwa na watu wasiomiliki chochote kati ya hivyo. Kontena lifikalo katika bandari ya nchi kavu ya Embakasi, iliyofunguliwa mwaka 1984, hukombolewa na wakala wa forodha. Ghala hukodishwa kupitia kwa wakala wa majengo. Rangi, sabuni na mabati hutafutiwa wanunuzi na watu walipwao kwa kamisheni. Kila mmoja wao hushika mali, fedha au sahihi ya mwingine. Makala haya yanachunguza kile ambacho sheria inamdai mtu wa aina hiyo.

Kwanza, istilahi. Neno wakala lilitokana na mzizi uleule wa Kiarabu uliozaa wakili na tawakali. Ajabu ni kwamba Kiswahili kina neno thabiti la upande mmoja wa uhusiano huu, ilhali upande wa pili bado unayumba: wapo wasemao mkuu, na wapo wasemao mhusika mkuu. Hapa litatumika neno tajiri, kwa maana yake kongwe ya mwenye biashara au mwenye kazi, hata kama mfukoni hana kitu. Katika fikihi ya Kiislamu, iliyoongoza biashara ya pwani kwa karne nyingi, mali iliyo mikononi mwa wakala ni amana: ikipotea bila uzembe wala hiana, halipi; akifanya hiana, hulipa. Sheria ya biashara ya Kenya imetoka kwingine, lakini haiko mbali na wazo hilo.

Hadi mwisho wa mwaka 1960, mikataba nchini Kenya ilitawaliwa na Sheria ya Mikataba ya India ya mwaka 1872, ambayo ilikuwa imeorodhesha wajibu wa wakala kifungu kwa kifungu. Tanganyika ilipotunga sheria yake mwaka 1961 iliuhifadhi mpangilio huo, na Tanzania inao hadi leo. Kenya ilichagua njia nyingine. Kuanzia tarehe 1 Januari 1961 ilifuata kanuni za mahakama za Uingereza, kupitia sheria ambayo sasa ni Sura ya 23. Matokeo yake ni kwamba mfanyabiashara wa Nairobi atakaye kuujua wajibu wa wakala wake hawezi kuupata katika kitabu kimoja. Sharti autafute katika hukumu. Kwa mtu asiye na wakili, hiyo ni kasoro kubwa.

Hukumu zenyewe hata hivyo ziko wazi. Wakala hutii agizo alilokubali kulitekeleza. Katika kesi ya Turpin dhidi ya Bilton ya mwaka 1843, wakala aliahidi kuikatia meli bima asiikate. Meli ilipopotea, hasara ikawa yake. Wakala pia hutumia uangalifu, hata asipolipwa. Jambo hili lafaa kusisitizwa, kwani katika jamii za Afrika Mashariki kazi nyingi za namna hii hupewa mpwa au jirani kwa kuaminiana tu. Mwaka 1988, katika kesi ya Chaudhry dhidi ya Prabhakar, Mahakama ya Rufani ya Uingereza ilimhukumu mtu aliyemchagulia rafikiye gari bila malipo yoyote. Aliagizwa asichague gari lililowahi kupata ajali, akaona dalili kwamba boneti imerekebishwa, wala asiulize. Urafiki haukumwokoa.

Uzito wa sheria hii, hata hivyo, umo katika uaminifu. Wakala hawezi kujiuzia wala kumuuzia tajiri mali yake mwenyewe kwa siri. Katika Armstrong dhidi ya Jackson, mwaka 1917, dalali aliyeagizwa kununua hisa alimpa mteja hisa zake mwenyewe, na biashara hiyo ikatanguliwa miaka kadhaa baadaye. Mahakama haikuhitaji kuthibitishiwa kwamba bei ilikuwa mbaya. Kosa ni kusimama pande mbili bila kusema.

Hapa ndipo desturi za Eneo la Viwanda zinapogongana na sheria. Mwenye malori humpa wakala wa forodha "asante" kwa kumletea mzigo. Mwenye ghala humpa wakala wa mpangaji "kitu kidogo" ili apitishe kodi ya juu. Wengi huiona kama ada ya kawaida. Mwaka 2014 Mahakama ya Juu ya Uingereza iliamua kesi ya wakala aliyewasaidia wateja wake kununua hoteli huko Monte Carlo kwa yuro milioni 211.5, huku akipokea yuro milioni 10 kutoka kwa muuzaji bila kuwaeleza sawasawa. Iliamuliwa kwamba fedha hizo hazikuwa deni tu bali zilikuwa mali ya wateja tangu dakika zilipopokewa. Tofauti si ya maneno: wakala akifilisika, au akinunua ploti kwa fedha hizo, tajiri aweza kuidai ploti yenyewe. Hukumu hiyo haizifungi mahakama za Kenya, lakini ina ushawishi. Dawa ya wakala ni moja: amweleze tajiri yote, na apate ridhaa yake.

Kwa mwagizaji mdogo, tuseme wa vipuri au mitumba, hatari huwa kubwa zaidi. Chini ya Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004, kifungu cha 147 humfanya wakala awajibike kwa ushuru kana kwamba ndiye mwenye mzigo. Kifungu cha 148 nacho humbebesha mwenye mzigo matendo na maelezo ya wakala wake. Basi wakala akipewa fedha za ushuru, akatangaza thamani ya chini na kuitia tofauti mfukoni, serikali yaweza kumrudia tajiri ambaye alikwisha kulipa. Atalipa mara ya pili, kisha amtafute wakala, kama bado anapatikana.

Zipo pia sheria za jinai. Kifungu cha 283 cha Kanuni ya Adhabu huadhibu wizi wa wakala kwa kifungo kiwezacho kufika miaka 7, na sheria ya mwaka 2003 ya kupambana na ufisadi inahesabu kuwa ni kosa wakala kumdanganya tajiri kwa hasara yake, awe katika utumishi wa umma au katika biashara binafsi. Lakini kifungo hakirejeshi kontena.

Kinachosaidia mapema ni wajibu usiosemwa sana, yaani wa kutoa hesabu. Wakala hutakiwa kutenga fedha za tajiri na zake, kuweka kumbukumbu, na kuzionyesha zinapoitishwa. Tajiri ana haki ya kuomba nakala ya tamko la forodha lililowasilishwa kwa jina lake, na kulilinganisha na ankara aliyotumiwa na muuzaji. Hati ya malipo ya ushuru ina nambari yake, na hakuna kinachomzuia kuilipa mwenyewe benki badala ya kumkabidhi mtu fedha taslimu.