Mtulinga: Mfupa mwembamba unaoshikilia mkono

Hebu weka kidole katika lile bonde dogo lililo chini ya koo lako. Sasa kisogeze kando kidogo, kulia au kushoto. Utagusa kifundo kigumu. Inua bega la upande huo, kisha lishushe. Je, umehisi kifundo kikicheza? Hapo ndipo mtulinga unapokutana na mfupa wa kidari.

Kiungo hicho ni kidogo, lakini ndicho pekee kinachounga mifupa ya mkono na ya kiwiliwili. Mfupa mpana wa bega ulio mgongoni haukuungwa na mbavu. Umeshikwa na misuli tu.

Ng'ombe hana mtulinga

Wengi hudhani kila mnyama ana mfupa huu. La hasha! Ng'ombe wa maziwa unaowaona Trans Nzoia hawana. Mbuzi, kondoo na farasi pia hawana. Miguu yao ya mbele kazi yake ni kwenda mbele na kurudi nyuma, basi misuli inawatosha.

Ukizuru Mbuga ya Saiwa Swamp karibu na Kitale, iliyoanzishwa mwaka 1974, utaona tofauti hiyo waziwazi. Sitatunga anayetembea kwenye kinamasi hana mtulinga. Kima wa de Brazza, yule mwenye ndevu nyeupe, anao. Mtulinga husukuma bega mbali na mbavu kama boriti inavyotegemeza paa, na ndiyo maana kima huweza kunyoosha mkono upande wowote na kushika tawi.

Sisi pia tumeurithi tangu zama za kale. Mwaka 1984, huko Nariokotome, kaskazini kabisa mwa Kitale upande wa magharibi wa Ziwa Turkana, Kamoya Kimeu aligundua mabaki ya mvulana aliyeishi takriban miaka milioni 1.5 iliyopita. Mitulinga yake ilikuwa miongoni mwa mifupa iliyopatikana.

Wa kwanza kuanza, wa mwisho kukomaa

Mtulinga huanza kugeuka mfupa mtoto akiwa tumboni, mimba ikiwa na wiki tano au sita, kabla ya mifupa mingine. Ajabu ni kwamba ncha yake iliyo karibu na kidari hukomaa mwisho kabisa, mara nyingi mtu akikaribia miaka 25 au hata kuipita. Wataalamu huitazama ncha hiyo wanapokadiria umri wa mtu kutokana na mifupa yake.

Wewe mwanafunzi, jambo hili lakuhusu. Kijana wa miaka 18 akiumia hapo katika raga, huenda kiungo kisiwe kimeteguka, bali ncha hiyo changa ndiyo iliyovunjika.

Hatari iliyojificha

Abiria wa bodaboda anapoanguka kwa bega, kishindo hupita katika mtulinga hadi kidarini. Mara nyingi mfupa huvunjika katikati, palipo pembamba. Wengi hupona kwa kufungwa mkono kitambaa shingoni kwa wiki kadhaa, na watoto hupona upesi zaidi.

Kiungo chenyewe huteguka kwa nadra. Ingawa hakina kina, kina kano imara na kisahani cha gegedu ndani yake. Kikiteguka kuelekea mbele, utaona uvimbe. Kikiteguka kuelekea nyuma, huenda ukaona shimo dogo, au usione kitu kwa sababu ya kuvimba. Lakini nyuma ya kiungo hicho pana njia ya hewa, umio na mishipa mikubwa ya damu!

Kwa hivyo, aliyeumia hapo akishindwa kupumua vizuri au kumeza, sauti ikikauka, au mkono ukivimba na kufa ganzi, usimpeleke kwa mkandaji. Asikandwe wala kuvutwa mkono. Mfupa uliobana mshipa unaweza kuutoboa, na hata madaktari huurudisha katika chumba cha upasuaji, daktari wa upasuaji wa kifua akiwa tayari.

Tegemeza mkono wake kwa leso, mwache akae jinsi anavyopumua kwa urahisi, kisha mkimbize katika hospitali kuu ya kaunti, Kitale au Bungoma. Tafuta gari, si bodaboda. Mwambie daktari alivyoanguka na dalili ulizoziona. Picha ya kawaida ya eksirei yaweza kukosa kuonyesha mtulinga uliorudi nyuma, hivyo maumivu yakiendelea, uliza kama anahitaji siti skani. Swali hilo moja laweza kuokoa maisha.