Vave: Utendaji na Kumbukumbu ya Mwili kwa Wabajuni

Katika masomo ya fasihi simulizi tunazoea kuzungumzia fanani, hadhira na mahali pa utendaji. Mwili wa fanani aghalabu tunausahau. Katika makala haya tunapenda kuugusia kwa kuangalia vave, nyimbo za wakulima wa Kibajuni. Wabajuni ni wenyeji wa visiwa na mwambao kuanzia Kismayo, kupitia Koyama, Chula na Kudha, hadi upande wa Kenya.

Vave huimbwa usiku wa kuamkia siku ya kuchoma pori lililofyekwa ili kupata shamba jipya. Kiongozi hutoa, wenziwe huitikia. Waimbaji hao wameshafyeka kwa mikono yao, na kesho watalitia moto pori hilohilo. Kwa maoni yetu, ndiyo maana maneno ya vave hayakai kichwani tu. Yamefungamana na pumzi, na uchovu wa mabega, na kukesha. Wavuvi nao wana nyimbo zao za baharini.

Serikali ya Siad Barre ilipoanguka Januari 1991, Wabajuni wengi waliporwa na kushambuliwa, wakakimbilia Kenya kwa vyombo vya baharini. Baadhi yao waliishi katika kambi ya Jomvu, Mombasa, iliyofungwa katika miaka hiyohiyo ya 1990. Kudha nako kulipiganwa Novemba 2014, kati ya Al-Shabaab na vikosi vya Jubaland. Sasa, kambini hakuna pori la kufyeka. Aliyenyang'anywa shamba amenyang'anywa pia usiku ule unaouita wimbo.

Jambo hili limewagusa Wabajuni hata ughaibuni. Nchini Uingereza, waombaji hifadhi waliojitambulisha kuwa Wabajuni wamekuwa wakipimwa kwa ujuzi wao wa Kibajuni na wa visiwa vyao. Mwaka 2004 baraza la rufaa za uhamiaji lilitoa uamuzi kuhusu suala hilo hasa. Mwaka huohuo wanaisimu wa nchi mbalimbali walitoa mwongozo wakitaka uchambuzi wa namna hiyo ufanywe na wataalamu wenye sifa. Tunaona walikuwa na haki. Chula huitwa pia Tula, na Chovai huitwa Tovai. Mhoji asiyejua mgeuko huo wa sauti atadhani anadanganywa. Tena kiwewe huvuruga mpangilio wa kumbukumbu: mtu anaweza kushindwa kutaja neno alilolitumia kila msimu, kwa kuwa analiulizwa akiwa amekaa kitini, mbele ya meza, mikono mitupu.

Kwa hiyo mwanafunzi anayekwenda kukusanya vave asianze na orodha ya msamiati. Aulize kwanza kuhusu kazi: panga lilishikwaje, nani alitoa, nani aliitikia, moto uliwashwa upande gani wa upepo. Mzee akionyesha kwa mkono badala ya kusema, ishara hiyo nayo iandikwe. Na asipotaka kuimba, kinasa sauti kizimwe.