Nani Mwenye Mechi Unayoitazama Olbalbal?

Jumamosi ya Januari, saa 12 jioni, ng'ombe wakiingia bomani Olbalbal, wilayani Ngorongoro, mtu mwenye dishi, betri ya sola na kifurushi kilicholipiwa anaweza kutazama mbashara mechi ya Ligi Kuu ya England ambayo mkazi wa Manchester, anayesikia kelele za uwanja kutoka dirishani kwake, haonyeshwi kwenye televisheni yoyote ya nchi yake. Hiyo si hitilafu ya mitambo. Haki za mechi hiyo ndivyo zilivyouzwa.

Utaratibu huo ni wa tangu miaka ya 1960. Bob Lord, aliyekuwa mwenyekiti wa Burnley, aliwashawishi wenzake kwamba mechi kubwa zikirushwa Jumamosi mchana, watu wataacha kwenda kuziangalia klabu ndogo za mtaani kwao. Hadi leo, kuanzia saa 8:45 mchana hadi saa 11:15 jioni kwa saa za Uingereza, mpira haurushwi mbashara nchini humo siku hiyo. Majira ya baridi, mechi yao ya saa 9 alasiri inachezwa kwetu ikiwa saa 12 jioni. Zuio linaishia kwenye mipaka yao. Huku nje mechi zote 380 za msimu zinauzwa.

Nimeanza na mfano huo kwa sababu unaonyesha jambo ambalo watazamaji wengi hawajaelezwa vizuri. Kituo cha televisheni hakinunui mechi. Kinanunua ruhusa ya kuionyesha ndani ya eneo fulani, kwa muda fulani, kwa njia fulani, na mara nyingine kwa lugha fulani. Bei ya ruhusa hiyo inapanda kwa kadiri wengine wanavyonyimwa. Mechi ikiwa kwenye vituo kumi, hakuna atakayenunua king'amuzi kwa ajili yake.

Kwa sehemu kama Olbalbal, mpaka wa ruhusa hiyo upo ndani ya king'amuzi chenyewe. Mawimbi ya minara ya ardhini husafiri kwa mstari ulionyooka, na milima ya kreta imesimama katikati ya bonde hilo na mji wa Karatu. Setilaiti haina shida hiyo. Inayobeba DStv kwa eneo letu iko nyuzi 36 mashariki, takriban kilomita 36,000 juu ya ikweta, na kwa kuwa Olbalbal ipo nyuzi tatu hivi kusini ya ikweta na karibu na longitudo hiyohiyo, setilaiti iko karibu utosini kabisa. Azam TV hutumia setilaiti ya nyuzi 7 mashariki, ndiyo maana dishi lake hugeuzwa upande wa magharibi. Mawimbi yote hayo yanashuka Longido na Kajiado bila kuuliza pasipoti. Ili haki iliyouzwa kwa nchi moja isivuje kwenda nchi nyingine, picha hufungwa kwa msimbo, na kadi au namba ya king'amuzi ndiyo inayoufungua. Kwa hiyo picha ya mechi usiyoiona huenda tayari imefika juu ya paa lako. Ambacho hujapewa ni ufunguo.

Sasa tuje nyumbani. Mwaka 2013 Azam Media ilinunua haki za kuonyesha Ligi Kuu ya Tanzania Bara. Mwaka 2021 Shirikisho la Mpira wa Miguu Tanzania, TFF, likasaini na kampuni hiyo mkataba mpya wa miaka kumi wenye thamani ya shilingi bilioni 225.6, sawa na wastani wa bilioni 22.56 kwa mwaka. Ligi ya timu 16 ina mechi 240 kwa msimu, kwa hiyo wastani ni shilingi milioni 94 kwa kila mechi, iwe ya Simba na Yanga au ya timu mbili zinazopigania kutoshuka daraja.

Bila shaka mechi hizo mbili hazina thamani sawa sokoni, na hapo ndipo ugomvi wa haki za matangazo huanza kila mahali duniani. Yanga iliupinga mkataba wa 2013. Uongozi wake wa wakati huo, chini ya Yusuf Manji, haukukubali kwamba klabu yenye mashabiki nchi nzima ipewe mgawo sawa na klabu ambayo haina. Ulihoji pia jambo la pili ambalo mpaka leo lina uzito wake: Azam Media ni ya kundi la kampuni za Bakhresa, na kundi hilohilo ndilo lenye klabu ya Azam FC inayocheza kwenye ligi hiyo.

Hoja ya kwanza ina jibu, na jibu lilipatikana Hispania. Kule, kwa miaka mingi, kila klabu iliuza haki zake yenyewe. Real Madrid na Barcelona zilivuna sehemu kubwa ya fedha zote, nyingine zikazama kwenye madeni. Mwezi Aprili 2015 serikali ililazimika kutoa amri ya kisheria kwamba haki ziuzwe kwa pamoja na fedha zigawanywe kwa kanuni. England iliuza kwa pamoja tangu Ligi Kuu yake ilipoanzishwa mwaka 1992, na mgawo wake ni wa kuigwa. Katika fedha za ndani ya nchi, nusu hugawanywa sawa kwa klabu zote 20, robo hufuata nafasi kwenye msimamo, na robo hufuata idadi ya mara ambazo klabu ilionyeshwa mbashara. Mkubwa anapata zaidi, mdogo hafi njaa. Simba na Yanga zinahitaji wapinzani wenye uwezo wa kulipa mishahara na kusafiri, kwa sababu derby ni mbili tu kwa msimu wa ligi, na mechi nyingine 28 za kila klabu ni lazima zichezwe na mtu.

Hoja ya pili ya Yanga haijapata jibu la kuridhisha. Simtuhumu yeyote kwa lolote. Ninachosema ni kwamba muuzaji anapomuuzia mnunuzi ambaye ana timu uwanjani, kanuni za mgawo, ratiba na uteuzi wa mechi zinapaswa kuwekwa wazi kuliko kawaida, ili shabiki wa Mbeya au Karatu asiachwe na dukuduku.

Haki hizi huuzwaje? Si kama mnada wa ng'ombe, ambapo kila mtu anasikia bei ya mwenzake na kuongeza. Mwenye ligi hukata msimu katika mafungu, akatangaza zabuni, na wanunuzi hupeleka bei zao kwa siri. Fungu linaweza kuwa la mechi za Jumapili, la mechi za katikati ya wiki, la muhtasari wa magoli, la redio au la simu. Hapa kwetu, mwaka uleule wa 2021 ambapo Azam ilichukua televisheni, haki za redio za ligi zilikwenda TBC. Ni fungu ambalo wakubwa wa mjini hulidharau, lakini kwa mchungaji aliye malishoni na redio ndogo ya betri, ndilo pekee linalomfikia.

England kwenyewe, mkataba wa 2025 hadi 2029 una thamani ya pauni bilioni 6.7. Sky ina mechi zisizopungua 215 kwa msimu, TNT Sports ina 52, nyingi zikiwa zile za Jumamosi zinazoanza kwetu saa 9:30 alasiri wakati wa baridi, na BBC ina muhtasari. Mgawanyo huo haukutokana na ukarimu. Mwaka 2006 Tume ya Ulaya iliibana Ligi Kuu ikubali kwamba kuanzia 2007 mnunuzi mmoja asichukue mafungu yote. Nia ilikuwa kuvunja ukiritimba wa Sky na kumpunguzia mtazamaji gharama. Kilichotokea ni kwamba kampuni ya Setanta ilinunua mafungu mawili kati ya sita, na shabiki aliyekuwa akilipia huduma moja akalazimika kulipia mbili.

Mwenye banda la mpira Karatu anakijua kisa hicho bila kusoma magazeti ya London. Ligi yetu ipo Azam, ya England ipo DStv. Akitaka banda lake lijae Jumamosi na Jumapili, anahitaji madishi mawili, ving'amuzi viwili na malipo mawili kila mwezi. Kugawa haki kwa wengi huleta ushindani siku ya zabuni. Kwenye mfuko wa mtazamaji mara nyingi huleta bili ya pili. Wanaodai kwamba ving'amuzi vingi vitashusha bei ya mpira wanapaswa kulitazama jambo hili kwa makini, kwa sababu kila fungu linabaki na mmiliki mmoja. Huwezi kuhama kwa muuzaji wa bei nafuu wakati mechi unayoitaka anayo mmoja tu.

Afrika tulionja pia hatari nyingine. Mwaka 2007 kampuni ya GTV iliingia sokoni, Tanzania, Kenya na Uganda zikiwemo, ikiwa na sehemu kubwa ya mechi za England kwa bei ya chini kuliko DStv. Watu walinunua madishi na ving'amuzi. Mwishoni mwa Januari 2009 ikafunga, msimu ukiwa katikati, na vifaa vile vikabaki vyuma vitupu. Miezi michache baadaye Setanta ikaanguka huko Uingereza. Zote mbili zilikuwa zimeahidi kulipa haki kwa fedha ambazo wateja walikuwa bado hawajazileta. Ndiyo sababu mwenye ligi makini hamtazami mtoa bei kubwa peke yake, hupima pia kama atakuwepo mwaka wa tatu.

Hatari ipo hata kwa mnunuzi mwenye uwezo. Alichonunua ni ratiba, na ratiba haipo mikononi mwake. Tarehe 8 Machi 2025 derby ya Yanga na Simba iliahirishwa siku yenyewe ya mchezo, ikaja kuchezwa Juni 25, Yanga ikashinda 2-0. Mitambo, watangazaji na matangazo ya biashara yaliyoandaliwa kwa Machi 8 hayawekwi ghalani. Kenya waliona mabaya zaidi: mwaka 2017 SuperSport, chaneli za michezo za DStv, iliondoka kwenye ligi yao baada ya mvutano juu ya idadi ya timu, na klabu zikabaki bila fedha walizokuwa wamezizoea.

Kuna swali ambalo huulizwa sana msimu wa michuano ya Afrika: mbona mechi ya ugenini ya hatua za awali inakosekana, halafu ya makundi inaonekana? Hatua za awali, haki huwa mikononi mwa mwenyeji wa mchezo, na kila mechi ni mazungumzo mapya. Kuanzia makundi haki ni za Shirikisho la Soka Afrika, CAF, nayo huuza kwa ujumla.

Wenye mabanda nao waelewe hali yao kisheria. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inalinda matangazo ya vituo, na mkataba wa king'amuzi cha nyumbani hauruhusu kutoza kiingilio. Nasema hivi kwa kuwaheshimu, kwa kuwa kibanda umiza ndicho kilichoupeleka mpira wa televisheni vijijini. Kampuni za ving'amuzi zingefanya jambo la maana kuwawekea leseni ya bei wanayoimudu, inayolingana na banda la benchi sita na si hoteli ya watalii.

Juu ya ligi yetu, maoni yangu ni haya. Kuuza kwa pamoja ni sahihi na tusirudi nyuma. Fedha za Azam zimezipa klabu uhakika ambao hazikuwahi kuwa nao. Ila miaka kumi ni mirefu mno. Ligi kubwa za Ulaya kwa kawaida huuza kwa mitatu hadi mitano, kwa sababu soko hubadilika: mwaka 2013 wachache waliwaza kuangalia ligi kwenye simu, na MultiChoice yenyewe, mwenye DStv, tangu Septemba 2025 imo chini ya Canal+ ya Ufaransa. Mkataba ujao usizidi miaka minne, na fungu la simu likatwe peke yake.

Jambo la mwisho ni AFCON 2027, ambayo Tanzania, Kenya na Uganda zitaandaa pamoja. Kuandaa mashindano hakumpi mwenyeji haki za televisheni. Hizo ni za CAF, na atakayezinunua ndiye atakayeamua nani aone. Kutoka Karatu hadi uwanja mpya wa Arusha ni kilomita 140 hivi, na wengi wa Olbalbal hawataufikia. Uingereza ina sheria ya mwaka 1996 inayolinda matukio makubwa kama Kombe la Dunia yasifungiwe kwenye televisheni za kulipia. India tangu 2007 inamlazimisha mwenye haki kugawana picha na kituo cha umma. Afrika Kusini nayo ina kanuni zake. Wizara, Mamlaka ya Mawasiliano (TCRA) na TFF wakae na CAF mapema, kabla mafungu hayajakatwa, wahakikishe mechi zote za Taifa Stars zinapatikana bila malipo kwenye kituo cha umma, tena kwa setilaiti. Zikirushwa kwa minara ya mijini peke yake, zitaishia Karatu.