Ndege za wagonjwa zilizoanguka bila mgonjwa ndani

WENGI hudhani kwamba ndege ya wagonjwa, hasa helikopta, huwa hatarini zaidi inapomkimbiza majeruhi hospitalini. Uchunguzi uliofanywa nchini Marekani ulionyesha vingine.

Januari 2006, Bodi ya Taifa ya Usalama wa Usafiri ya nchi hiyo, NTSB, ilitoa ripoti kuhusu ajali 55 za ndege na helikopta za aina hiyo zilizotokea kati ya Januari 2002 na Januari 2005. Watu 54 walipoteza maisha. Katika ajali 35, chombo kilikuwa na wahudumu wa afya lakini hakikuwa na mgonjwa: kilikuwa njiani kumfuata, au kikirejea kituoni baada ya kumshusha.

Kasoro mojawapo ilikuwa katika sheria yenyewe. Mgonjwa alipokuwamo, rubani alibanwa na masharti makali ya hali ya hewa na ya saa za kupumzika. Asipokuwamo, masharti yalilegezwa, ingawa muuguzi alikuwa ameketi nyuma ya rubani huyo huyo. Hivyo rubani aliweza kuondoka usiku katika ukungu ambao usingemruhusu kurudi na mgonjwa.

Tena rubani huyo mara nyingi huwa peke yake, na hutakiwa kuamua kwa dakika chache. Akishaambiwa kwamba anayesubiriwa ni mtoto mahututi, kukataa kuruka humwia vigumu. Ndiyo maana baadhi ya makampuni humficha habari za mgonjwa mpaka aamue. Akikataa, hutokea hospitali ikaita kampuni ya pili pasipo kuieleza kwamba ya kwanza imeogopa hali ya hewa.

Si ajali zote zinazotokana na giza au ukungu. Juni 29, 2008, helikopta mbili zilizokuwa zikipeleka wagonjwa katika hospitali moja ya Flagstaff, Arizona, ziligongana mchana kweupe na kuua watu saba.

NTSB ilisema ajali 29 kati ya zile 55 zingeweza kuzuilika. Hata hivyo, ilipita miaka minane kabla Mamlaka ya Usafiri wa Anga, FAA, haijatoa kanuni mpya za helikopta, Februari 2014: kila safari yenye mhudumu wa afya ifuate masharti yale yale, mgonjwa awemo asiwemo; hatari ipimwe kabla ya kuruka; na helikopta ziwe na kifaa cha kumwonya rubani anapokaribia kugonga mlima au ardhi. Makampuni yalipewa miaka mitatu zaidi kukifunga kifaa hicho.