Kasarani: Ukumbi, Uwanja na Kituo

Neno uwanja limetwishwa mizigo mingi katika Kiswahili. Ni mahali peupe mbele ya nyumba, ambapo harusi huchezwa na matanga huandaliwa. Tena ni uwanja wa mpira, wa ndege na wa vita. Wingi wake, nyanja, umetekwa na wanazuoni, nasi twasema "nyanja za isimu" pasi na kukumbuka vumbi; wachezaji wameachiwa viwanja. Makala haya yanafuatilia historia ya uwanja mmoja mashuhuri nchini Kenya, yaani Kituo cha Kimataifa cha Michezo cha Moi, Kasarani. Yanaitazama historia hiyo kutoka Nanighi, kando ya Mto Tana, kwa sababu maalumu itakayobainika.

Kasarani ilijengwa kwa msaada wa China, nje kidogo ya Nairobi katika njia ya kwenda Thika, kwa ajili ya Michezo ya Nne ya Afrika iliyofanyika Agosti 1987. Uwanja mkuu ulikusudiwa watazamaji 60,000. Kando yake palijengwa bwawa la kuogelea, hoteli, na ukumbi wa michezo ya ndani wenye nafasi ya watu wapatao 5,000. Kenya ilifika fainali ya kandanda mwaka huo, ikafungwa na Misri bao 1-0.

Ukumbi huo wa ndani ndio unaostahili kuitwa wa matumizi mengi. Sakafu ile ile ya mpira wa wavu na wa vikapu hupangwa viti, jukwaa likainuliwa, na jioni pakawa pahali pa tamasha au mahubiri. Lugha yetu ilikwisha kuwa na neno lifaalo: ukumbi, katika nyumba ya kale ya pwani, ni pale mgeni anapopokelewa kabla ya kuingizwa ndani. Waandishi wa habari za michezo wamependelea "uga", nalo si baya, ijapokuwa uga hauna paa.

Wanasiasa hawakuchelewa kuuona uwezo huo. Machi 18, 2002, vyama vya KANU na NDP viliungana Kasarani; Oktoba mwaka huo huo wajumbe wa KANU walirudi hapo kumwidhinisha Uhuru Kenyatta kuwa mgombea urais. Septemba 2007 ilikuwa zamu ya ODM kumteua Raila Odinga. Marais nao wameapishwa katika uwanja mkuu: Kenyatta mwaka 2013 na 2017, William Ruto mwaka 2022. Novemba 2015 Papa Francis alikutana na vijana papo hapo. Yote haya huelezwa kwa fahari, na ni haki yake.

Aprili 2014 ndipo historia hii inapofika Mto Tana. Baada ya mashambulizi ya Likoni na Eastleigh, serikali ilianzisha operesheni iliyoitwa Usalama Watch. Takribani watu 4,000 walikamatwa katika majuma ya mwanzo, wengi wao Wasomali, wakimbizi kwa raia, na wengi walipelekwa Kasarani kuchunguzwa vitambulisho. Katiba ya 2010 inataka mshukiwa afikishwe mahakamani katika muda wa saa 24. Mashirika ya haki za binadamu yalilalamika kwamba wengi walizuiliwa kwa siku nyingi. Mamia walirejeshwa Mogadishu kwa ndege. Kwa mwanafunzi wa lugha, jambo la kuzingatia ni jinsi uwanja huo ulivyohalalishwa kuwa kizuizi: ilani katika Gazeti Rasmi la Serikali iliutaja kuwa kituo cha polisi. Hapakuongezwa tofali wala mlango. Jina lilitosha. (Na neno "kituo" lilikuwa tayari limo katika jina lake la Kiswahili!)

Katika bonde la Tana, ambako Wasomali huishi pamoja na Wapokomo, Waorma na Wamunyoyaya, habari hiyo haikuwa ngeni. Novemba 1980, mjini Garissa, juu ya Nanighi kwa kuufuata mto, mtaa wa Bulla Kartasi ulichomwa moto na wakazi wakasukumwa hadi kiwanja cha Shule ya Msingi ya Garissa, wakazuiliwa humo. Februari 1984 wanaume wa ukoo wa Degodia walikusanywa katika uwanja wa ndege wa Wagalla, karibu na Wajir. Serikali ilikiri vifo 57. Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano, katika ripoti yake ya 2013, iliona huenda idadi ilikaribia 1,000. Kiwanja cha shule, uwanja wa ndege, uwanja wa michezo: vyote hivyo vina sifa moja, kwamba ni vipana, vimezungukwa, na milango yake ni michache. Anayezoea kuimba Kasarani hulitazama lango kama njia ya kuingilia. Aliyesikia habari za Garissa aghalabu hulitazama kama mahali pa kuulizwa kipande.

Ripoti hiyo ya tume ilitolewa Mei 2013. Kasarani ilitumiwa kuzuilia watu kabla ya mwaka kutimia.

Michezo iliendelea. Mashindano ya riadha ya dunia kwa vijana walio chini ya miaka 18 yalifanyika Kasarani Julai 2017, na ya walio chini ya miaka 20 Agosti 2021. Agosti 30, 2025, Moroko iliishinda Madagaska mabao 3-2 katika fainali ya CHAN. Majuma machache baadaye, Oktoba 16, uwanja ule ule ulipokea mwili wa Raila Odinga, umati ukafurika, polisi wakafyatua risasi, na baadhi ya waombolezaji wakauawa. Ibada ya kitaifa ya siku iliyofuata ilifanyika Nyayo.